Bomu Moja, Filamu Mbili

Mwaka 1958 msanii wa Marekani Bruce Conner alitoa filamu ya dakika 12 iitwayo A Movie. Picha zote zilizomo zilipigwa na watu wengine: habari za sinema, filamu za wachunga ng'ombe, ajali za magari ya mashindano, na mikanda mifupi iliyokuwa ikiuzwa madukani kwa wenye projekta nyumbani. Ndani yake kuna mfuatano ambao walimu wa uhariri hawauachi. Ofisa wa nyambizi anachungulia kwenye periskopu. Kata. Mwanamke aliyevaa kidogo sana amejilaza, anaitazama kamera. Kata. Ofisa anahamaki, amri inatolewa, torpido inachomoka. Kata. Wingu la bomu la atomiki linapanda kutoka baharini. Kata. Mawimbi makubwa, watu wanabiringishwa pamoja na mbao zao za kutelezea.

Ukumbi hucheka, na kicheko hicho kina haki yake. Mhariri amechukua vipande visivyojuana akavifanya viseme kwamba tamaa ya mwanamume na silaha ni kitu kimoja, bila kutamka neno. Lakini tazama bomu limefanywaje. Limekaa kwenye skrini muda mfupi, kama kibwagizo cha mzaha. Halina mahali wala tarehe, na aliyelipiga picha hajulikani.

Miaka 18 baadaye, mwaka 1976, Conner huyo huyo alirudi kwenye bomu. Safari hii alipata kutoka hifadhi ya serikali ya Marekani mikanda ya jaribio la Baker, lililofanyika tarehe 25 Julai 1946 kwenye visiwa vya Bikini katika Bahari ya Pasifiki, mikanda iliyokuwa imeondolewa muhuri wa siri. Filamu inaitwa Crossroads, jina la operesheni yenyewe, na inachukua dakika 36 hivi. Unaona mlipuko uleule, mara baada ya mara, kutoka ufukweni, kutoka angani, kwa karibu na kwa mbali, kwa mwendo wa kawaida na kwa mwendo uliopunguzwa mno. Hakuna msimulizi.

Hoja yetu inasimama hapo. Wanaotengeneza filamu za mikanda ya kuokoteza leo, yaani za picha zilizopigwa na wengine, na wako wengi kwa kuwa programu za kuhariri ziko hata kwenye simu, karibu wote ni watoto wa filamu ya 1958. Ya 1976 hawaigusi. Wanakata haraka, bunduki inajibiwa na tabasamu, ndege inajibiwa na tangazo la sabuni, na mtazamaji anaona akili ya mhariri badala ya kuiona silaha. Njia ya pili ni ngumu na inachosha, lakini ndiyo pekee inayokulazimisha uulize swali ambalo picha ya silaha inastahili kuulizwa kwanza: kamera ilikuwa inafanya nini pale?

Kwa Bikini jibu linafahamika. Bomu la Baker lilikuwa na nguvu ya kilotani 23, lilining'inizwa kiasi cha mita 27 chini ya maji, na kuzunguka hapo ziliegeshwa meli za majaribio, nyingine za Marekani zilizostaafu, nyingine za Wajapani zilizotekwa. Kadhaa zilizama. Kamera ziliwekwa kwa mamia, kwenye minara visiwani, melini na ndani ya ndege, kwa sababu picha ilikuwa kipimo. Wataalamu walitaka kujua safu ya maji inapanda kwa kasi gani, wimbi la mshtuko linasafiri vipi, meli ipi inainuka kwanza. Kamera zile zilikuwa vyombo vya maabara sawa na vipima mionzi. Uzuri wa picha hizo, na ni nzuri kwa namna inayotia aibu, ulikuja bila kutafutwa.

Conner hakuzipaka maneno. Alichofanya ni kuongeza muda na sauti. Mikanda ilikuwa bubu, kwa hiyo Patrick Gleeson akatengeneza kwa sintesaiza mngurumo wa eropleni, milio ya ndege wenye mabawa na mshindo wa bomu, vitu ambavyo mtazamaji wa kawaida huamini vilirekodiwa palepale. Sehemu ya pili ina muziki wa Terry Riley. Hesabu ya mwendo ni nyepesi: kamera ikikimbia fremu 96 kwa sekunde na projekta ikaonyesha 24, sekunde moja ya tukio inakuwa sekunde nne za skrini. Kamera za majaribio zilikimbia zaidi ya hapo, na ndiyo maana ukungu wa maji unaonekana kutambaa kama vile hauna haraka ya kufika kokote. Kinachowapita wengi ni kwamba upole huo ulikuwepo kwenye mkanda tangu 1946, kwa sababu ya upimaji. Anayechukua kipande cha mwendo wa kawaida leo na kukipunguza kwenye kompyuta ili kipate uzito uleule anatengeneza kitu tofauti kabisa, na jicho hulitambua hilo kabla akili haijajua kwa nini.

Kuna mkanda mwingine wa Bikini unaofaa kuwekwa pembeni ya huo. Kabla ya majaribio, wakazi 167 walihamishwa kupelekwa Rongerik, na mazungumzo ya ofisa wa jeshi la majini kuwaomba waondoke yaliigizwa upya mbele ya kamera, kwa kurudiarudia, hadi yakatoka vizuri. Filamu ya Radio Bikini ya Robert Stone, ya miaka ya 1980, imebakiza marudio hayo. Mhariri wa habari wa mwaka 1946 angechagua igizo bora na kutupa mengine. Stone alichota kwenye yaliyotupwa, na ridhaa ya wenyeji ikageuka mchezo wa kuigiza mbele ya macho yako. Kwenye hifadhi yoyote, mabaki hayo ambayo hayakutumika ni mali kuliko filamu iliyokamilika. Ombeni hayo kwanza.

Sasa tuingie kwenye ufundi, maana hapa ndipo kazi nyingi zinapoharibika.

Anza na mwako wa mtutu. Kamera ya filamu yenye shata (kizuizi cha mwanga kinachozunguka) la nyuzi 180 hufunguka nusu ya muda na kufungwa nusu. Kwa fremu 24 kwa sekunde, kila fremu inapata mwanga kwa 1/48 ya sekunde, kisha giza kwa muda huohuo wakati mkanda unasogea. Mwako wa bunduki hudumu milisekunde chache tu. Matokeo yake, katika risasi 10 zilizopigwa kweli mbele ya kamera, mwako wa takribani tano utaangukia gizani usionekane kabisa, na mingine itatokea kwenye fremu moja tu. Kamera nyingi za simu na za kidijitali husoma picha mstari kwa mstari, hivyo mwako hutokea kama utepe wa mwanga unaokata sehemu ya fremu. Filamu za kuigiza hazikubali hasara hiyo: mwako hulinganishwa na shata au huongezwa baadaye, na kila risasi inatoa ua la moto. Ukichanganya kipande cha kuigiza na cha habari bila kujua hili, mfuatano wako utakuwa na bunduki mbili za ulimwengu tofauti, na wale wanaojua bunduki, ambao ni wengi kuliko unavyodhani, watakoma kukuamini.

Pili, kasi. Mikanda ya enzi za filamu bubu ilipigwa kwa kamera za kuzungushwa kwa mkono, mara nyingi fremu 16 hadi 18 kwa sekunde, wakati mwingine pungufu. Ya fremu 16 ukiionyesha kwa 24, dakika moja inakuwa sekunde 40. Askari wanarukaruka na bunduki ya kukoki kwa mkono inaonekana kufyatua kwa kasi isiyowezekana. Hili hurekebishwa kwa kurudia baadhi ya fremu, na huwa linatosha. Tatizo limekuja na programu zinazobuni fremu za kati ili kufikisha 50 au 60. Programu hizo hufuata nukta ya picha kutoka fremu moja hadi nyingine na kukisia ilipita wapi. Mtu anayetembea zinamuweza. Mlipuko haziuwezi, kwa kuwa vumbi na vipande havina nukta ya kufuatwa: vinatapakaa kama rangi iliyomwagiwa maji, na mtutu unaopita mbele ya moshi unapinda. Kisha picha hiyo inapakiwa mtandaoni ikiitwa iliyoboreshwa. Kama kipande kina silaha inayofyatuliwa, zima kipengele hicho.

Tatu, sauti. Kamera ya Eyemo, iliyobebwa na wapiga picha wengi wa Vita Kuu ya Pili, ilichukua futi 100 za mkanda wa milimita 35. Futi moja ina fremu 16, kwa hiyo jumla ni fremu 1,600, yaani sekunde 67 kwa kasi ya 24, na springi ilihitaji kukazwa tena kabla ya hapo. Haikurekodi sauti. Karibu kila bunduki unayoisikia kwenye habari za sinema za vita ile iliwekwa chumba cha uhariri, na dalili yake ni mlio unaofika pamoja na moshi. Sauti husafiri mita 340 hivi kwa sekunde. Mzinga ulio kilomita moja kutoka kwenye kamera unapaswa kusikika baada ya sekunde tatu. Mhariri wa kuokoteza ana njia tatu: kuacha bubu, kuweka sauti ya bandia na kuionyesha kuwa ni bandia, au kuheshimu umbali. Njia ya nne, kuchota mlio uleule wa maktaba ambao kila mtu ameshausikia mara elfu, ndiyo inayotumika zaidi. Inachosha.

Si kila kilichopigwa wakati wa vita ni vita, vilevile. Filamu ya The Battle of the Somme ya mwaka 1916 ina tukio maarufu la askari wa Kiingereza wakipanda kutoka handakini na baadhi yao kuanguka. Watafiti wameonyesha kwamba tukio hilo liliigizwa kwenye uwanja wa mafunzo nyuma ya mstari wa mbele. Handaki halina kina cha kutosha, seng'enge ya kweli haipo, askari hawana mizigo mgongoni, na mpiga picha amesimama mahali ambapo angeuawa. Mmoja wa wale waliokufa, ukimtazama kwa utulivu, anakunja miguu yake akae vizuri. Sekunde hizo zimetumika tena katika makala na filamu zisizo na hesabu kama picha ya kifo vitani. Peter Jackson, alipotengeneza They Shall Not Grow Old mwaka 2018 kwa mikanda ya jumba la makumbusho ya vita la Uingereza, alikumbana na pengo lilelile: mashambulizi yenyewe hayakupigwa picha, kwa hiyo alitumia michoro ya magazeti ya wakati huo. Kwenye rangi na sauti alizoongeza tunaweza kubishana hadi kesho. Kwenye michoro alikuwa mwaminifu.

Propaganda nayo huweza kugeuzwa bila kuongezwa kitu. Mwanzoni mwa miaka ya 1940 Mwingereza Charles Ridley alichukua maandamano ya askari wa Hitler kutoka Triumph of the Will, filamu ya propaganda ya Kinazi, akayachapa mbele-nyuma, mbele-nyuma, kwa mdundo wa wimbo wa kuchezea dansi wa London. Mguu unaoinuka kwa kiburi unashuka, unainuka tena, unarudi nyuma. Ni kazi ya dakika mbili hivi, na kama kuna kata ya haraka iliyostahili kuwepo, ni hii, kwa sababu shabaha yake ilikuwa gwaride, na gwaride ni utendaji wa mbele ya kamera tangu mwanzo. Ujanja huohuo ukiutumia kwa mtu anayepigwa risasi, unakuwa ukatili wako wewe.

Harun Farocki, mtengenezaji filamu wa Ujerumani, ndiye aliyekwenda mbali zaidi. Mwaka 1969, katika filamu yake kuhusu napalmu, alikataa kuonyesha majeraha: alikaa mezani akaeleza kwamba mtazamaji atafumba macho, kwanza kwa picha, kisha kwa kumbukumbu, kisha kwa ukweli wenyewe. Akauzima moto wa sigara kwenye mkono wake. Sigara huwaka kwa nyuzi 400, filamu inasema, napalmu kwa 3,000. Filamu inaishia na mfanyakazi wa kiwanda cha mashine za kufagia ambaye kila siku anaiba kipuri amtengenezee mkewe mashine, na kila akiunganisha anapata bunduki. Na mwanafunzi anayeamini kiwanda kinatengeneza bunduki, ambaye kila akiunganisha anapata mashine ya kufagia. Sijui mfano bora wa jinsi ya kuonyesha silaha bila kuonyesha silaha.

Baadaye, katika mfululizo wa Eye/Machine wa 2000 hadi 2003, Farocki aliokota picha za kamera zilizofungwa kwenye pua za makombora ya Vita vya Ghuba vya 1991. Shabaha inakua, inakua, kisha skrini inakuwa tupu. Picha hizo hazikupigwa ili mtu azitazame; mashine ilizihitaji ili ijielekeze. Televisheni zikazionyesha usiku na mchana, na watazamaji wakapata hisia kwamba vita nzima ilikuwa ya namna hiyo, ilhali mabomu ya kuongozwa yalikuwa chini ya asilimia 10 ya yote yaliyoangushwa. Farocki aliziweka kwenye skrini mbili pamoja na kamera za roboti viwandani, na uhusiano ukajitokeza wenyewe: jicho lilelile linalokagua nati linatafuta daraja. Siku hizi picha za droni zinafurika kwenye simu zetu, nyingi zikiwa na muziki, na kwa kila moja swali la kwanza ni kama la 1946. Hii ilipigwa kupima, kuelekeza, kujisifu, au kushuhudia?

Kwa Afrika Mashariki na jirani zake jambo hili lina uzito wa pekee, kwa sababu sehemu kubwa ya picha za vita vyetu zilipigwa na wageni, na mikanda iko kwao. Concerning Violence ya Göran Olsson, ya mwaka 2014, imeundwa kwa mikanda ya milimita 16 ya televisheni ya Uswidi kuhusu vita vya ukombozi, na karibu na mwanzo wake askari wa Kireno wanapiga ng'ombe risasi kutoka helikopta. Kamera iko ndani, bega kwa bega na mwenye bunduki, na Olsson haikati haraka. Unakaa pale hadi unahisi kwamba wewe ndiwe uliyebebwa. Maneno ya Frantz Fanon, mwandishi aliyepinga ukoloni, yanayotandazwa juu ya picha kwa herufi kubwa nyeupe, kwa maoni yetu, yanaifunika picha mara nyingi kuliko inavyohitajika, lakini mwanzo ule haukosei.

Kwa upande mwingine kuna Behind the Lines ya Margaret Dickinson, ya 1971, aliyeingia Msumbiji na wapiganaji wa FRELIMO akitokea Tanzania. Humo bunduki iko begani wakati mtu anafundisha, analima, anabeba mzigo kichwani. Silaha inayokaa tu bila kufyatuliwa ni nyenzo ngumu sana kwa mhariri anayetafuta kishindo, na ndiyo sababu ukiona vipande vya aina hiyo kwenye makala za siku hizi kuhusu kambi za wapiganaji za Nachingwea na Kongwa, vimefupishwa hadi sekunde tatu za mtu mwenye bunduki, kisha mlipuko wa vita nyingine kabisa.

Halafu kuna Zanzibar. Picha za angani za mauaji yaliyofuata mapinduzi ya Januari 1964 zinatoka kwenye Africa Addio ya Waitaliano Jacopetti na Prosperi, iliyotoka 1966. Filamu hiyo ilileta kashfa nyingine pia: Jacopetti alichunguzwa na vyombo vya sheria vya Italia kwa madai kwamba mauaji aliyoyapiga picha Kongo yalipangwa yaendane na kamera, na akaondolewa lawama. Kwenye sehemu ya Zanzibar unaona misururu ya watu na miili kutoka juu. Anayekuambia ni akina nani na nini kimetokea ni msimulizi, kwa maneno ya filamu iliyojaa dharau kwa Mwafrika. Mtandaoni vipande hivyo vimekatwa, vimewekewa muziki na maelezo ya kila upande wa siasa za visiwani. Anayetaka kuvitumia asivipunguze mwendo wala asivikuze kuwafikia watu: ukikuza punje za mkanda hupati uso, unapata madoa ambayo mtazamaji atayajaza kwa chuki aliyokuja nayo. Abakize mwanzo na mwisho wa kipande, mahali ndege inapogeuka. Aandike jina la filamu na mwaka kwenye picha yenyewe, maana maelezo ya pembeni hupotea mara ya kwanza mtu anapopakua na kupakia tena.

Haki za matumizi hazina mwujiza. Kilichopigwa na watumishi wa serikali ya shirikisho ya Marekani kazini hakina hakimiliki nchini mwao, na ndiyo sababu Bikini iko kila mahali. Hifadhi za Uingereza na za mashirika ya habari hutoza kwa sekunde au kwa dakika, na bei hutegemea kama filamu itaonyeshwa darasani au duniani kote. Omba bei kabla ya kuhariri.

Kwa wenye mikanda halisi, kwenye ofisi, makanisa, au masanduku ya wazee waliofanya kazi na vitengo vya filamu vya serikali: ikinuka siki, asetati, yaani plastiki ya mkanda, imeanza kuoza na inasinyaa. Usiipitishe kwenye projekta, itakatika kwenye matundu. Iweke pakavu na pabaridi, itenge na mikanda mizima, na itafutie skana isiyovuta mkanda kwa meno. Futi 400 za milimita 16 ni dakika 11 tu, kwa hiyo gharama si ya kutisha kama watu wanavyodhani. Agiza picha ichukuliwe hadi kingo zake, pamoja na matundu. Kwenye kingo za mikanda ya Kodak kuna alama ndogo za duara, mraba na pembetatu zinazoonyesha mwaka ambao mkanda wenyewe ulitengenezwa kiwandani. Mpangilio hujirudia kila miaka 20, hivyo alama moja inaweza kuwa ya 1944 au ya 1964, na sare, gari au aina ya bunduki iliyomo ndiyo itakayoamua. Kama bunduki imetoka miaka mingi baada ya mwaka wa kwanza kati ya hiyo miwili, yaelekea umeshika mkanda wa mwaka wa pili.